Wametufutia picha zetu za mitandao ya zamani, kisha tunaambiwa tulipewa bure

Ndugu wanajamvi,

Nafungua uzi huu nikiwa na hasira, na naomba usomwe hivyo. Sisi tulioanza kutumia intaneti miaka ya 2000, katika vibanda vya intaneti vya Dar es Salaam, Arusha, Mombasa na kwingineko, tulizikabidhi picha zetu kwa Hi5, MySpace, Tagged na mitandao mingine ya wakati ule kwa sababu hatukuwa na pengine pa kuziweka. Simu zilikuwa na nafasi ndogo, kompyuta ya nyumbani ilikuwa ya wachache, na flashi iliyochomekwa kafe ilirudi na virusi. Picha ya karatasi ilipigwa skani, ikapakiwa taratibu huku muda tuliolipia ukiyoyoma, maana Seacom, mkongo wa intaneti unaopita chini ya bahari, ulikuwa bado haujafika pwani yetu. Ulifika mwaka 2009. Leo ukiuliza picha hizo ziko wapi, humpati wa kukujibu.

Tazameni MySpace, mtandao ulioanzishwa mwaka 2003 na ambao kwa miaka kadhaa ulikuwa mkubwa kuliko yote, kabla Facebook haijaupita. Mwaka 2019 ilibainika kwamba picha, video na nyimbo zilizopakiwa humo kabla ya mwaka 2016 zimepotea, na maelezo ya kampuni yalikuwa kwamba ziliharibika wakati wa kuhamisha seva. Nyimbo peke yake zilikadiriwa kuzidi milioni 50. Internet Archive, maktaba ya mtandaoni inayohifadhi kumbukumbu za intaneti, ilifanikiwa kurejesha nyimbo zipatazo 490,000, na hizo zilipatikana kwa kuwa watafiti fulani walikuwa wamezinakili miaka ya nyuma kwa ajili ya kazi zao. Wimbo huenda ukapata mtu wa kuunakili, lakini nani angejisumbua kunakili picha za harusi ya Tandika au za mahafali ya shule ya Morogoro?

Mtandao niliokuwa nautumia mimi sitautaja, kwa sababu tabia ninayoilalamikia ni ya wengi. Humo ilikuwemo picha ya marehemu dada yangu siku ya mahafali yake ya kidato cha sita, amesimama mbele ya bweni na shada la karatasi za kung'aa shingoni, tarehe ya kamera ikiwa imejichapa kwa rangi ya chungwa pembeni. Nakala ya karatasi iliharibiwa na maji ya mvua. Hata hivyo, kinachoniuma zaidi ni maoni yaliyokuwa chini ya picha ile: binamu zetu wakimtania, wanafunzi wenzake wakimuuliza anaelekea chuo gani, na yeye akimjibu kila mmoja kwa vifupisho vyetu vya wakati ule, "2po pamoja", "nimekumis". Maneno hayo aliyaandika kwa mkono wake na hayakuwahi kuwepo popote pengine. Nilipoandika kuomba msaada, nilijibiwa na mashine kwamba nithibitishe umiliki kupitia barua pepe niliyojisajilia, ambayo nayo ilikwishafutwa kwa kuwa sikuifungua kwa muda mrefu. Najua pia waliokwama kwenye akaunti zinazodai namba za simu zilizofungwa Tanzania mwaka 2020 kwa kukosa usajili wa alama za vidole.

Kuna wanaotujibu kwamba huduma ilikuwa bure, kwa hiyo hatuna la kudai. Sikubaliani nao hata kidogo. Mitandao hiyo iliuza matangazo kwa sababu sisi tulikuwemo, na tulikuwemo kwa sababu ya picha za ndugu na marafiki zetu. Bila picha hizo wasingekuwa na cha kumwonyesha mtangazaji. Mtu aliyefanya biashara kwa kutumia amana yako hawezi kuigeuza kuwa takataka siku biashara inapomshinda.

Wala wasituambie kwamba haiwezekani kufunga kwa heshima. Google ilipoufunga mtandao wake wa kijamii wa Orkut tarehe 30 Septemba 2014, ilitangaza miezi mitatu kabla, na watumiaji wakaendelea kuruhusiwa kupakua picha zao hadi Septemba 2016. Kwa maoni yangu hiyo ndiyo ilipaswa kuwa hatua ya chini kabisa, na hata hiyo ilimwacha nje aliyekuwa hajui kinachoendelea.

Ninachodai ni kwamba kampuni yoyote inayotunza picha za watu ilazimike kisheria kutoa taarifa mapema, kwa lugha ya mtumiaji, iruhusu kupakua picha pamoja na maoni yake, na iweke mtu wa kusikiliza aliyepoteza barua pepe au namba ya simu, ikiwemo familia ya marehemu. Sheria ya Kenya ya mwaka 2019 ya ulinzi wa data inampa mtu haki ya kupewa taarifa zake na kuzihamisha; nataka wanasheria mliomo humu mtueleze kama haki hiyo inatusaidia chochote pale mtandao unapofungwa, na sisi wa Tanzania, wenye sheria ya mwaka 2022, tuanzie ofisi gani kupeleka malalamiko.