Matokeo ya madiwani huwa yanakwenda wapi jamani? Kila uchaguzi mchezo ni huu huu

Wadau mie leo naomba mnivumilie maana hili limenikaa kooni muda mrefu. Kuna mtu yoyote humu, awe wa Unguja awe wa Pemba, anaweza kunitajia diwani wake, chama chake na kura alizopata? Sio mbunge, sio mwakilishi, nimesema diwani. Haya nangoja.

Sie Zanzibar siku ya kura tunapewa karatasi tano, rais wa Muungano, mbunge, rais wa Zanzibar, mwakilishi (wa Baraza la Wawakilishi) na huyo diwani. Bibi wa watu anatoka nyumbani alfajiri, miguu imemvimba, anapanga foleni na jua linampiga, anazikunja zote tano anatumbukiza. Kesho yake redio na tivii ni rais rais rais. 2020 tuliambiwa urais wa Zanzibar Dk. Mwinyi kapata asilimia 76.27, Maalim Seif Mungu amrehemu 19.87, mpaka desimali tukatajiwa, sawa, ya urais kila mtu ana lake moyoni na leo siingii huko. Lakini wadi 110 za visiwa viwili hivi, nani kakaa akakusomea moja moja, nani kapata ngapi, ngapi zimeharibika?

Kwetu Pemba kituo ni skuli. Usiku ule fomu za matokeo zilibandikwa ukutani karibu na mlango wa darasa, za rais ziko usawa wa macho zinasomeka vizuri kabisa, ya diwani imebandikwa pembeni chini ya dirisha, nakala ya chini imefifia, ukimulika na tochi ya simu huijui 3 huijui 8. Asubuhi haipo. Mvua za vuli au mkono wa mtu, Mungu ndo ajuae. Tukamfuata wakala mmoja, akasema nakala yake kampa mkubwa wake wa chama na hajaiona tena. Nikenda ofisini kuuliza (siitaji ofisi gani, wenyewe wanajijua) kijana wa watu hata hajanyanyua uso kwenye simu, "mhusika yuko Unguja, njoo wiki ijayo". Wiki ijayo mhusika bado yuko Unguja. Sijui huko Unguja kaoa!

Na msije hapa mkanambia diwani hana kazi. Baraza la madiwani ndo linalokusanya ushuru wa soko, leseni za biashara, usafi, machinjio. Sokoni kwetu kuna mama anauza dagaa na muhogo, kila akitandika meza anakuja kijana na kitabu cha risiti anamkatia ushuru wake, hakosi hata siku ya mvua. Jaa liko nyuma ya mgongo wake hapo hapo, limejaa hadi njiani, matumbo ya samaki paka wanayaburura, inzi wanatoka jaani wanatua kwenye dagaa na mteja anaona anapita zake. Yule mama akalalamike kwa nani? Kwa diwani. Diwani nani? Ndo hapo sasa. Halafu 2017 wakatuletea na ugatuzi, skuli za msingi na vituo vya afya tukaambiwa vinashushwa mabarazani, ikawa waliokuwa wanapitisha bajeti ya dawa na chaki za watoto wetu ni watu ambao mitaani hata majina yao hatuyajui.

Anaejulikana na kila mtu ni bwana sheha, mkuu wa shehia yetu. Huyo hapigiwi kura, anateuliwa na mkuu wa mkoa, na mkuu wa mkoa kateuliwa na rais. Unataka kitambulisho cha Mzanzibari lazima upitie kwake, na bila kitambulisho hicho daftari la wapiga kura huingii. Yani mtu nisiemchagua ndo anaeshika mlango wa mie kuchagua! Wenzetu bara walipiga kura za wenyeviti wa mitaa na vijiji 27 Novemba 2024, na huko nako CCM wakatangaziwa zaidi ya asilimia 98 ya viti kwa hivo sisemi huko ni peponi, lakini angalau mwenyekiti jina lake linakuwepo kwenye karatasi.

Na 2015 msinisahaulishe. Kituo kimoja, watu wale wale, siku moja 25 Oktoba, Jecha, mwenyekiti wa Tume ya Uchaguzi ya Zanzibar, akasimama tarehe 28 akafuta uchaguzi wa Zanzibar wote, rais, wawakilishi na madiwani, na kuna waliokwisha kutangazwa wana vyeti mkononi. Kura za rais wa Muungano na wabunge zilizopigwa chumba hicho hicho zikawa halali. Ikaja marudio 20 Machi 2016, wapinzani CUF wakasusia, Dk. Shein akatangazwa kwa asilimia 91.4. Dunia nzima ikapiga kelele kuhusu urais. Diwani aliefutiwa ushindi wake alikaa barazani kwao anacheza bao na hakuna hata mwandishi mmoja alomfata kumuuliza.

Ninachotaka mie si kikubwa. Wilaya ni 11 tu. Kila wilaya itoe karatasi yake, jina la wadi, wagombea wote na vyama vyao, kura za kila mmoja na zilizoharibika, na madiwani wa viti maalumu na wa kuteuliwa waandikwe mbali tusichanganyiwe. Ibandikwe sokoni, iwekwe na mtandaoni. Kama desimali za rais zinapatikana ndani ya siku mbili tatu, hizi zinashindikana nini?

Na nyie makada msinigeuzie uzi ukawa wa kijani na zambarau, CCM na ACT, nawajua. Nyote mlikuwa na mawakala vyumbani na fomu wamesaini. Kama nakala mnazo zipigeni picha mziweke hapa, wadi kwa wadi, muanze na za Pemba.