Siku mbili Kyoto na Nara: nikamate gide wa kutembeza kwa miguu ao niende peke yangu?

Mtoto_wa_Chukudu (Goma)

Bandugu na badada, jambo. Miye niko Goma, niko fundi wa mbao, ninafundishaka bavijana kazi ya meza na milango. Mwezi wa kumi na moja nitaenda Japani ku formasyo ya wiki tatu, tunapitia Kigali paka Osaka, benye kutuita njo banalipa kila kitu, lakini ku mwisho banatuachia siku mbili za kwetu, kila mutu afanye yenye anapenda. Benzangu banasema bataenda mu maduka ya telefone. Miye roho yangu iko ku zile nyumba za zamani za mbao, za dini ya Buda na zile zingine za Shinto.

Niwaambie juu ya nini. Baba yangu alikuwa anachonga chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kubeba mizigo, njo alinifundisha kushika tindo. Mwaka 2002 volkano ya Nyiragongo ilipotapika, nyumba yetu ya mbao ilichomeka na vyombo vyake vyote, tukaanza tena juu ya mawe. Sasa nilisoma ku intaneti kama kule Nara kuko munara wa mbao wenye iko wima tangu miaka zaidi ya 1300, mu inchi yenye matetemeko kila siku. Mbao! Nilikosa usingizi. Nataka niuone na macho yangu.

Maulizo yangu ni mbili. Gide anasaidia kweli ao ni kuharibu feza, juu naona ku intaneti banalipisha bei kubwa na telefone iko na karata? Ya pili, mama yangu anaomba nisiingie mule, anasema ni nyumba za sanamu, na miye simutaki mama asikitike. Mwenye alishafika kule anishauri.

Yaya_wa_Kadutu (Bukavu)

Mudogo wangu, karibu sana. Nilisoma Kyoto miaka mbili, nimetembea kule na gide na bila gide, nakuambia pasipo kuzunguka: siku moja kamata gide, siku ingine enda peke yako.

Kwanza ujue hivi, utapotea kama hujui. Tera ni hekalu ya Buda. Jinja ni ya Shinto, dini yao ya tangu zamani ya kuheshimu bakami, ni kusema roho zenye ziko mu mulima, mu muti mukubwa, mu maji, hata mu mutu wa zamani mwenye aliheshimiwa. Ukiona mulango wa nguzo mbili na mbao mbili juu, mara mingi mwekundu, ile ni torii, umefika ku jinja. Dini ya Buda ilifika Japani mu karne ya 6, ikipitia Korea, na dini zote mbili zilikaa pamoja mu uwanja moja miaka zaidi ya elfu, paka 1868 serikali mupya ya Meiji ikatoa amri zitengane. Njo maana paka leo unakuta tera na jinja vinapakana ukuta, na mugeni anashangaa. Miye nilizipita mara kumi bila kujua, paka gide alinisimamisha akanionyesha. Karata ya telefone haisemi vile.

Fushimi Inari enda peke yako, asubui sana, hata saa kumi na mbili. Hakuna mulango wa kufunga, hakuna kulipa, kutoka gare ya Kyoto ni vituo viwili tu vya treni. Ni jinja ya mwaka 711, ya kami wa mupunga na biashara, na njia yake inapanda mulima wa metre 233 ikipita chini ya torii maelfu, zimefuatana karibu sana sawa mbavu. Ukipanda unaona rangi tu. Ukishuka, geuka uangalie nguzo: nyuma kumeandikwa jina ya mutu ao duka yenye ilitoa ile torii, na tarehe. Ni watu wa biashara banashukuru ao banaomba. Weye fundi utaona zingine zimeoza ku miguu, juu ni mbao, na zinabadilishwa moja moja, njo vile ile njia haizeeke. Usigeuke ku nusu, panda paka juu, masaa mbili ao tatu kwenda na kurudi, watu banapunguka kila unavyopanda.

Gide umukamate juu ya mutaa wa Higashiyama, Kyoto, ao juu ya Nara. Na sasa nasema kwa nguvu: usikubali ile programu ya mahekalu nane siku moja na bisi. Nilifanya ile siku yangu ya kwanza, sikumbuki kitu, nakumbuka tu mugongo wa mutu mwenye alikuwa mbele yangu. Mahekalu mbili ao tatu, kwa miguu, na mutu mwenye anaweza kujibu, njo utarudi na kitu.

Mtoto_wa_Chukudu (Goma)

Aksanti yaya. Na ule munara?

Yaya_wa_Kadutu (Bukavu)

Ni Horyu-ji, mu jimbo ya Nara. Prince Shotoku aliijenga mwaka 607, ikachomeka 670, bakaijenga tena, na ile ya pili njo iko wima paka leo, ni kati ya nyumba za mbao za kizee zaidi ku dunia. Munara iko na mapaa tano, urefu karibu metre 32, na katikati kuko nguzo moja kubwa ya hinoki, muti wa ukoo wa sipre. Wataalamu balihesabu duara za ile nguzo, bakakuta muti ulikatwa mwaka 594. Hakuna gorofa yenye imefungwa kwa nguvu ku ingine, viungo biko na nafasi, tetemeko ikikuja kila gorofa inayumba yake. Nilisimama pale nikakumbuka tetemeko ya tarehe 3 mwezi wa pili 2008 hapa Bukavu, vile kuta za matofali zilianguka juu ya watu siku ya mungu.

Kutoka Kyoto unakamata treni paka Nara, ingine kidogo paka gare ya Horyuji, kisha miguu dakika kama 20. Kisha ya muchana rudia Nara mujini uone Todai-ji, Buda wa shaba wa metre 15, balifanya sherehe ya kumufungua macho mwaka 752. Nyumba yake ilichomeka mara mbili mu vita, 1180 na 1567, hii ya sasa ni ya 1709, tena ni ndogo kuliko ya kwanza, na bado utaona shingo yako inauma kwa kuangalia juu. Mu nguzo moja kuko tundu, banasema inalingana na tundu ya pua ya ule Buda, batoto banapitaka ndani.

Lakini mbele ya kuingia, simama ku mulango mukubwa wa kusini. Kushoto na kuume kuko walinzi wawili wa mbao, kila moja zaidi ya metre 8. Unkei na Kaikei na wanafunzi wao walibichonga mwaka 1203, kwa siku 69. Si muti moja, ni vipande vingi vimeunganishwa. Watu banapita pale mbiyombiyo kuogopa kuchelewa Buda. Weye kaa hata saa nzima.

Mama_Mapacha_Lushi (Lubumbashi)

Bonjour ba ndeko, minasoma hii mazungumuzo na miye nilikuwaka kule na bwana yangu, kazi yake ilimutuma. Yaya amesema byote muzuri lakini kuko pahali moja yenye hakutaja, na iko karibu sana na gare ya Kyoto, unaenda kwa miguu, na kuingia ni bule: Higashi Hongan-ji.

Ile tera ilichomeka mwaka 1864. Wakati balianza kuijenga tena, mbao zilikuwa kubwa sana, kamba zilikuwa zinakatika, watu banaumia. Basi bamama ba inchi nzima balikata nywele zao, bakazituma, bakazisuka pamoja na katani, njo zile kamba zilivuta mbao paka nyumba ikaisha mwaka 1895. Kipande ya ile kamba iko pale ndani ya kioo, nene, nyeusi. Tulikuwa na gide, mwanamuke wa miaka kama makumi sita, alipomaliza kueleza alinyamaza. Miye nililia. Ku kwetu vile mwanamuke anatoa nywele zake ni wakati ya matanga, na hawa balizitoa juu ya kujenga.

Kama tungekuwa peke yetu tungepita tu pale, juu unaona tu kioo na karatasi yenye kuandikwa kijapani. Juu ya ile peke nasema lipa gide.

Na bei, angalia: kuko vyama vya wanafunzi na vya watu wa kujitolea, Kyoto na Nara, banatembeza wageni bule, weye unalipa tu transipori yake, kiingilio yake kama iko, na chakula ya muchana. Unawaandikia mbele, wiki mbili tatu. Wengi ni kiingereza, wa kifaransa ni bachache, basi uliza mapema. Wenye kulipisha, tangu 2018 sheria inaruhusu hata mutu pasipo leseni atembeze kwa malipo, kwa hiyo uliza kama alishapita ule mutihani wa serikali. Ni mutihani nguvu, mwenye aliupita anajua historia kweli.

Baba_Katekista (Bukavu)

Mtoto wangu, mimi nijibu ile ya mama yako, kwa sababu naona watu wanaikimbia. Usimdharau. Mama anayemwombea mtoto wake kabla ya safari anafanya kazi yake.

Lakini mweleze hivi. Kuangalia si kuabudu. Ukiingia mahali pa watu, unavua kofia, unavua viatu pale wanapovua, unasema polepole, hiyo ni adabu, hata kwetu mgeni Muislamu akija kanisani siku ya harusi anakaa kwa heshima na hakuna anayesema amebatizwa. Kinachokuwa sala ukiache. Kule ku jinja wanajiosha mikono na kinywa mlangoni, wanatupa sarafu, wanainama mara mbili, wanapiga makofi mawili, wanainama tena mara moja. Ile ni sala yao. Mwambie gide tangu mwanzo kwamba wewe ni Mkristo na utasimama pembeni. Hatakasirika, mwenye nilitembea naye alifurahi nilipouliza, akanieleza kila kitu bila kunisukuma.

Na mpe mama jambo hili la kushika. Mwaka 1597 Wakristo walikamatwa Kyoto na Osaka, wakatembezwa kwa miguu wakati wa baridi mpaka Nagasaki, na pale tarehe 5 Februari wakasulubiwa watu 26. Kati yao Ludoviko Ibaraki alikuwa mtoto wa miaka 12. Ni hao tunaowasoma kila tarehe 6 Februari, Paulo Miki na wenzake. Mimi nilipokuwa ninatembea katika zile njia za Kyoto nilikuwa nawafikiria wao, nikasali rozari yangu moyoni nikiwa katikati ya mahekalu, na sikuona shida yoyote. Mji ule una historia ya imani yetu pia, na damu.

Mtoto_wa_Chukudu (Goma)

Baba, Mungu akubariki, nilimusomea mama ile ya kitoto Ludoviko, alikaa kimya kisha akaniambia "enda, lakini ubebe rozari". Tumesikilizana.

Basi napanga hivi: siku ya kwanza asubui Fushimi Inari peke yangu, ya muchana ile kamba ya mama wa Lushi. Siku ya pili Horyu-ji na Todai-ji na gide wa kujitolea, nitamuandikia leo kama miye ni fundi nataka tuongee viungo vya mbao. Kiyomizu-dera, ile tera ya Kyoto, naiacha, hata kama naona ile baraza yake ya metre 13 bila musumari inaniita. Yaya, ni kosa? Na kingine, ku mwisho gide ninamupa ngapi ku mukono? Sitaki anione sina adabu.

Yaya_wa_Kadutu (Bukavu)

Kiyomizu usiiache, shauri kidogo: toka Fushimi mapema, kamata treni ya kurudia, panda kwa miguu Higashiyama. Zile mbao unaona ni za 1633. Usisimame tu juu ya baraza kupiga foto sawa wote, shuka ku njia ya chini, ukae chini yake uangalie vile nguzo zimepitishwa mbao za kulala, moja ndani ya ingine. Pale njo pahali pako. Na vaa soksi zenye hazina tundu, utavua viatu mara mingi, tena viatu rahisi kuvua. Ndani ya nyumba nyingi foto hairuhusiwi, usibishane. Gion, mutaa wa zamani wa Kyoto, zile njia ndogo zenye kuko kibao, usiingie, ni za watu, na tangu 2024 kuko faini ya yeni 10,000.

Feza ku mukono, hapana. Japani habatoake ile, unaweza kumutia mutu haya, atakukimbilia akurudishie akizani umesahau. Lakini zawadi kidogo yenye imetoka kwenu, ile banapokea na mikono mbili. Baba yako alikuwa anachonga chukudu, weye unashika tindo. Chonga moja ndogo ya kuingia mu mufuko, na magurudumu yake yazunguke.

Mtoto_wa_Chukudu (Goma)

Yaya, nimeshaanza. Ya mikalitusi, santimetre kumi na tano. Natafuta tu vile nitaweka gurudumu bila musumari.