Kutoka utaniboi hadi leseni ya trela: nianzie wapi hapa Mombasa?

Kijana wa Jomvu aliandika:

Asalaam aleikum wakubwa zangu. Mimi ni kijana wa miaka 26, mkazi wa Jomvu, na huu ni mwaka wa tatu nikiwa taniboi, yaani msaidizi wa dereva, katika trela ya makontena inayopakia bandarini Kilindini na kushusha Nairobi, mara nyingine hadi Malaba. Leseni yangu ni ya gari dogo la gia za mkono. Nataka kuwa dereva kamili wa magari makubwa, na ninaomba mnieleweshe njia iliyo sahihi, kwa sababu kila ninayemuuliza ananipa jibu lake.

Chuo kimoja cha udereva kimeniambia kwamba nikilipa mara moja nitapewa leseni ya trela bila kupitia lori dogo. Jirani yangu naye anasema niachane na malori, nitafute basi za Mwembe Tayari, kwa kuwa abiria hawakosekani. Na kuna jambo la tatu linalonikosesha usingizi. Dereva wangu, ambaye ni mtu mwema kwangu, hunitaka nishike usukani usiku ili alale kidogo, hasa tukishapita Mackinnon Road. Nilikubali mara moja hadi karibu na Voi. Barabara ilikuwa nyoofu na tulifika salama, lakini mikono ilinitetemeka hadi asubuhi. Je, huko si ndiko kujifunza?

Dereva Mstaafu wa Malaba alijibu:

Waaleikum salaam mwanangu. Nitaanza na hilo la usiku kwa sababu ndilo linaloweza kukumaliza kabla hujaanza. Sheria ya Trafiki ya Kenya inakataza mtu kuendesha gari la daraja ambalo leseni yake haimruhusu, na inamkataza pia mwenye gari au anayelisimamia kumruhusu mtu wa namna hiyo aliendeshe, kwa hiyo hapo mnakosea wote wawili. Sheria hiyo hiyo inaweka kikomo cha saa 8 za kuendesha katika kila saa 24 kwa dereva wa gari la biashara au la abiria. Dereva wako akilemewa na usingizi, dawa yake ni kuegesha Mtito Andei na kulala, si kukuamsha wewe. Mwambie kwa adabu, mkiwa wawili tu, mchana, kabla ya safari. Mimi niliwahi kuambiwa hivyo na taniboi wangu mwenyewe na sikumchukia.

Kuhusu njia, sisi wa zamani tulipata BCE, leseni moja ya magari madogo na makubwa kwa pamoja, kwa mtihani mmoja, tukatoka hapo tukakabidhiwa mzigo wa tani nyingi. Wengine walijifunza breki siku breki zilipowaishia. Mpango wa sasa umetenganisha madaraja: C1 ni lori dogo, C ni lori la wastani, CE ni lori kubwa lenye trela. Unapanda ngazi moja baada ya nyingine, na umri na uzoefu wako katika daraja la chini huangaliwa. Anayekuahidi kuruka ngazi anakuuzia kadi, hakuuzii udereva.

Nikueleze jambo moja uone kwa nini ngazi hizo zina maana. Gari dogo hufunga breki kwa mafuta, lakini trela hufunga kwa upepo. Asubuhi ukiwasha injini, usiondoke. Tazama geji ya upepo ikipanda hadi ifike bar 7 au 8, hicho ni kipimo cha mgandamizo wa upepo. Upepo ukivuja ukaisha, springi ndani ya vyumba vya breki hujifungia zenyewe na gari linakwama, na hiyo ni salama yako. Hatari kubwa iko kwenye mteremko. Chukua ule wa kutoka Mazeras kurudi Miritini, ukiwa na kontena la chai linalokwenda melini. Ukikanyaga breki mfululizo, ngoma za breki zinapata moto, zinanuka kama kitambaa kinachoungua, na pedali inabaki chini ya mguu wako huku gari likizidi kukimbia. Dereva aliyefunzwa huingiza gia ndogo akiwa bado juu, kabla mteremko haujaanza, akaiacha injini imshike, kisha akakanyaga breki kwa nguvu na kwa muda mfupi, akaachia zipoe. Ukishaanza kushuka ndipo ukatafute gia, huenda usiipate.

Hilo hulijifunzi Taru usiku, mahali palipo tambarare, mwalimu wako akikoroma.

Mwalimu wa Changamwe alijibu:

Nakubaliana na mzee kwa kila neno. Niongeze upande wa chuo, kwa kuwa ndiyo kazi yangu.

Utaomba leseni ya muda ya mwanafunzi kwa daraja unalotaka kupitia akaunti yako mtandaoni ya NTSA, mamlaka ya usafiri na usalama barabarani, utapimwa afya, macho yakiwemo, kisha utasoma nadharia na kufanya mazoezi chuoni kabla ya kupelekwa kwenye mtihani. Ule ubao wa mji mdogo wenye vigari vya kuchezea unaoukumbuka kutoka mtihani wako wa kwanza usiudharau hata kama umezunguka nchi nzima, maana nimeona mataniboi wazoefu wakianguka hapo kwa kutojua nani ana haki ya kupita kwenye mzunguko.

Kabla ya kulipa hata shilingi, nenda chuoni uombe kuliona gari utakalofundishiwa. Mimi nilisoma katika chuo ambacho lori lake lilikuwa limeegeshwa juu ya mawe, na mafunzo yote ya gari kubwa niliyapata nikiwa nimekaa ndani ya lori lisilotembea. Nililia siku nilipopewa gari la kweli, kwa sababu nilijua jinsi nilivyokuwa mtupu. Uliza utaendesha kwa saa ngapi wewe mwenyewe, na kama utafundishwa kurudi nyuma na trela. Pale utaona ajabu: ukitaka mkia uende kulia, usukani unaanza kwa kuuzungusha kushoto. Akili ya gari dogo inakataa kabisa jambo hilo, na halizoeleki kwa kuelezwa.

Dada wa Basi la Usiku alijibu:

Kaka, kuhusu basi, jirani yako hakukosea, ila amekueleza nusu. Upande wa abiria una ngazi zake: D1 ni gari la abiria wachache, D2 ni minibasi, D3 ni basi kubwa la abiria 33 kwenda juu. Zaidi ya leseni unahitaji beji ya PSV, yaani ya dereva wa magari ya abiria, na ili uipate utatakiwa cheti cha tabia njema baada ya kuchukuliwa alama za vidole. Kianze mapema, kwa sababu hicho ndicho hunichelewesha kila ninapohuisha beji.

Mimi nimeendesha lori kabla ya basi. Mwendo wa juu kisheria ni kilomita 80 kwa saa kote kuwili, na vidhibiti mwendo vinawekwa hapo hapo. Tofauti ni kwamba kontena halisimami wakati unapinda, wala halikuhimizi liwahi mazishi. Abiria watakusukuma. Kama wewe ni mtu wa kushindwa kusema hapana, na naona dereva wako tayari amekushinda mara moja, basi malizia kwanza malori.

Kijana wa Jomvu aliandika:

Nawashukuru sana. Dada, umenigusa penye kidonda, na nimelikubali. Nimeamua kuanza na C1, na nitazungumza na dereva wangu Jumapili. Swali la mwisho: pale mizani ya Mariakani, uzito ukizidi, mbona anayesumbuliwa ni dereva na si aliyepakia?

Dereva Mstaafu wa Malaba alijibu:

Kwa sababu wewe ndiye unayesimama juu ya mizani, mwanangu. Kwa hiyo jua hesabu. Chini ya sheria ya uzito ya Afrika Mashariki, ekseli ya usukani, yaani mhimili wa magurudumu ya mbele, inaruhusiwa tani 8, zile mbili za nyuma za kichwa kinachovuta trela kwa pamoja tani 18, na tatu za trela tani 24. Jumla yake kwa gari kama lenu la ekseli sita ni tani 50, na kikomo cha juu kabisa kwa gari lolote, lile la ekseli saba, ni 56. Unaweza kuwa chini ya jumla na bado ukakamatwa, kwa sababu mzigo umeegemea mbele na ekseli mbili za kichwa zimezidi.

Kesho mkipakia, usikae kwenye kivuli na wenzako. Soma uzito ulioandikwa kwenye karatasi za kontena, jumlisha na uzito wa gari tupu, kisha zunguka nyuma utazame matairi yalivyobonyea upande mmoja na mwingine. Ukimaliza, kagua kufuli zote nne za pembe zinazoshika kontena, kila moja kwa mkono wako. Hiyo unaruhusiwa kuifanya leo, bila leseni yoyote mpya.