Fataki za Diwali Delhi: zipigwe marufuku moja kwa moja au ziachwe?

Mtoa mada
Wadau, kuna kesi ya India isiyokwisha kuhusu fataki za Diwali, sikukuu ya Wahindu. Mwaka 2015 watoto wachanga watatu, kupitia wazazi wao, walifika Mahakama ya Juu kudai haki ya kupumua hewa safi. 2016 leseni za kuuza fataki Delhi zikasimamishwa. 2018 zikaruhusiwa "fataki za kijani" tu, yaani zilizobuniwa kutoa moshi pungufu, saa 2 hadi saa 4 usiku. Desemba 2024 serikali ya Delhi ikapiga marufuku mwaka mzima, Oktoba 2025 mahakama ikalegeza tena. Na miaka yote hiyo milio haikomi mpaka usiku wa manane.

Mimi nasema marufuku isiyosimamiwa ni mbaya kuliko ruhusa finyu inayosimamiwa. Hizo za kijani zenyewe, kwa mujibu wa NEERI, taasisi iliyoshiriki kuzibuni, hupunguza moshi kwa takriban asilimia 30. Asilimia nyingine 70 mnaivuta kama kawaida.

Mchangiaji wa 2
Kwa hiyo sikukuu ya Wahindu ndiyo iwe mbuzi wa kafara? Baba anarudi kazini na boksi la fataki, watoto wanapanda darini wanasubiri giza. Furaha ya mwaka mzima hiyo, halafu hakimu anampangia saa ya kufurahi!

Mchangiaji wa 3
Mkuu, tuliza munkari. Diwali ni taa: kijibakuli cha udongo, utambi wa pamba, mafuta au samli, vinapangwa kizingitini na kwenye kingo za dirisha. Kuna ibada ya Lakshmi, mungu wa kike wa utajiri, kuna mithai za kupelekeana majirani. Hata hapa Kisutu, Dar, taa ndizo zinazokwambia Diwali imefika. Baruti iliingia India karne nyingi baada ya hadithi ya mfalme Rama kurudi mjini kwake Ayodhya, ambayo wengi huikumbuka kwa Diwali. Ukitoa fataki, sikukuu inabaki nzima.

Mchangiaji wa 4
Nyote mnamsahau mtu wa Sivakasi. Mji ule wa Tamil Nadu ndio unaotengeneza sehemu kubwa ya fataki za India. Mahakama ya Delhi ikikohoa, kule watu wanakosa posho. Ingawa nikiri, kazi yenyewe ni ya roho mkononi, viwanda vinalipuka kila mara.

Mchangiaji wa 5
Tunakamata dagaa, papa wanapita. Moshi wa Oktoba na Novemba unatoka pia kwenye mashamba ya Punjab na Haryana, majimbo ya kaskazini mwa India, mkulima anapochoma mabua ya mpunga. Na hachomi kwa ukorofi. Sheria ya Punjab ya 2009 ya kulinda maji ya ardhini ilisogeza mbele tarehe ya kupanda mpunga, mavuno nayo yakasogea, sasa ana wiki chache tu kusafisha shamba kabla ya kupanda ngano. Kiberiti ndicho trekta lake la bei rahisi. Ongeza magari, vumbi la ujenzi na viwanda. Fataki ni usiku mmoja.

Mtoa mada
Namba 5, la mabua nakubali kabisa. Lakini usiku huo mmoja moshi unazaliwa chini ya dirisha la mtoto, katika msimu ambao hewa baridi inaufunika mji na moshi hauna pa kwenda. Asubuhi ya tarehe 21 Oktoba 2025, baada ya Diwali, kipimo cha hewa cha Delhi kilikuwa "mbaya sana". Mwenye nacho anafunga dirisha na kuwasha mashine ya kusafisha hewa. Mlinzi wa geti lake analala nje.

Polisi kukimbizana na watoto madarini ni mchezo wa kuigiza. Udhibiti uanzie kiwandani na kwenye malori, kisha kila mtaa uwe na kiwanja kimoja cha kulipulia kwa pamoja, kwa muda wa saa mbili, basi. Hukumu ya 2018 yenyewe iliwahimiza viongozi kuangalia njia hiyo.

Mchangiaji wa 2
Sawa. Na nani atakubali kiwanja hicho kiwe mbele ya nyumba yake? Wewe utakubali?