Kufuta madeni ya wakulima India: nani hasa anasamehewa?

Wadau, mwaka 1925 Baburao Painter wa Kolhapur, mji wa magharibi mwa India, alitoa filamu bubu, Savkari Pash. Mkulima anapoteza shamba kwa mkopeshaji wa kijijini, anahamia mjini kuwa kibarua wa kiwandani. Aliyeigiza mkulima huyo kijana ni V. Shantaram, ambaye baadaye akawa mwongozaji mkubwa. Wakati ule sinema nyingi za India zilikuwa za miungu na wafalme!

Karne nzima imepita, na uchaguzi ukikaribia Maharashtra, jimbo lenye mji huo, bado tunasikia ahadi ya kufuta madeni. Mimi napinga. Kinachofutwa ni deni la benki. Deni la mkopeshaji kama yule wa kwenye filamu haliguswi.

MCHANGIAJI WA KWANZA: Mkuu, mwenye deni chakavu benki, yaani lililomshinda kulipa, hakopesheki tena. Ukimfutia, mlango unafunguka. Usipomfutia, ndiyo kwanza unamsukuma kwa hao kausha damu.

MLETA MADA: Kwa nadharia, sawa. Tazama 2008. Serikali kuu ilifuta madeni yote yaliyochelewa ya wenye hekta 2 kushuka chini. Aliyezidi hapo kwa kawaida alisamehewa robo tu, tena mpaka alipe kilichobaki. Sasa nenda Vidarbha, mashariki mwa Maharashtra, kwenye pamba: mtu ana hekta 3 za ardhi kavu, hana umwagiliaji, mvua ikikosea msimu umekwisha. Kwenye karatasi huyo si mkulima mdogo. Hicho kilichobaki atakitoa wapi kama si kwa mkopeshaji yuleyule?

Wakulima wa Supa, karibu na mji wa Pune hukohuko Maharashtra, walielewa mapema kwamba tatizo ni mkopeshaji. Mei 1875 waliwavamia wakopeshaji na kudai hati za madeni, wakazichoma. Aliyezitoa kwa hiari mara nyingi hakuguswa. Shida yao ilikuwa karatasi: mkulima hajui kusoma, anaweka dole gumba, kilichoandikwa anakijua mkopeshaji. Sheria ya wakoloni Waingereza ya 1879 ikaagiza hati zisajiliwe na mahakama zichimbue deni lilivyoanza. Huo ndio msaada ninaoutaka, siyo hundi ya kampeni.

MCHANGIAJI WA PILI: Umeishia pazuri kwako. Baada ya sheria hiyo wakopeshaji wengi waliacha kuandika rehani, wakaandika mauzo. Shamba likaenda kihalali kabisa. Na mvua za Juni hazisubiri mahakama: mbegu inatakiwa wiki hii, benki inataka vielelezo, mkopeshaji anahesabu noti papo hapo. Kabla hujambana huyo, sema nani atatoa hela ya mbegu.