Mjadala: Je, ni lazima steringi arudi nyumbani na dawa?

Mwenye mada, Kihesa, Iringa

Kamwene wadau. Kuna jambo limeninyima raha tangu Jumamosi, nimeona nilimwage hapa tulijadili.

Ninalea kikundi cha vijana wanaoandika filamu tatu zinazofuatana juu ya Mtwa Mkwawa, mtawala wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani. Ya kwanza ni vita ya Lugalo. Ya pili ni kuanguka kwa ngome ya Kalenga na miaka ya porini. Ya tatu ni kichwa chake, kilivyochukuliwa na kilivyorudishwa. Wanaandika kwa mkono kwenye daftari, jioni baada ya kazi. Mmoja ni dereva wa bodaboda, anaandika akisubiri abiria.

Wiki iliyopita walikwenda kwenye semina ya uandishi wa filamu. Mkufunzi akawagawia karatasi yenye hatua 12 za "safari ya shujaa": shujaa yuko kwao, anaitwa, anasitasita, anakutana na mzee wa kumwongoza, anavuka mpaka, anajaribiwa, anakaribia kufa, anapata alichokifuata, anarudi nyumbani na dawa ya kuwaponya watu wake. Kisha akausoma muswada wao na kuwaambia filamu ya tatu waifute. Shujaa akishakufa, alisema, watazamaji hawana wa kumfuata. Ishieni Lugalo, Mkwawa arudi Kalenga na bunduki alizoteka, watu wapige vigelegele. Vijana wamerudi wanyonge, na wawili wameshaanza kukata kurasa.

Swali langu: je, hadithi zetu zipitishwe kwenye kalibu hiyo, kama udongo wa matofali?

Kwanza nimtendee haki mkufunzi. Karatasi yake ina asili. Mwaka 1949 msomi wa Marekani, Joseph Campbell, alitoa kitabu akidai kwamba ngano za mataifa mengi zina mwendo mmoja: mtu anaondoka, anajaribiwa, anarudi. Miaka ya 1980 Christopher Vogler, aliyekuwa akisoma miswada Hollywood, akaufupisha mwendo huo kwa ajili ya waandishi wa filamu, na ndiyo hizo hatua 12. George Lucas amekiri kwamba Campbell alimsaidia alipokuwa anatunga Star Wars ya 1977. Na hata bibi zetu walitusimulia kijana aliyetumwa mbali, akakuta kizee mwenye vidonda njiani, akakubali kumwogesha, akarudi kwao na ng'ombe. Kwa hiyo siidharau karatasi.

Ila ichukueni mkaiweke juu ya habari za Lugalo, hatua kwa hatua, muone inamwangukia nani. Nani aliondoka kwao? Nani alivuka bahari, akaingia nchi asiyoijua pamoja na wenzake? Ni Emil von Zelewski, kamanda wa Wajerumani, yule ambaye watu walimwita Nyundo. Mkwawa hakusafiri kwenda popote. Alifuatwa. Tarehe 17 Agosti 1891 alikuwa kwenye ardhi yake, na safari ya Zelewski iliishia pale Lugalo yeye na sehemu kubwa ya jeshi lake. Kalibu hii imekatwa kwa kipimo cha mtu anayetoka kwake kwenda kwa wengine. Sisi tunasimulia habari za mtu aliyeingiliwa. Tukiwafundisha vijana kwamba shujaa ni yule anayevuka mpaka tu, tumemnyima ushujaa aliyesimama mlangoni kwake.

Halafu huko kurudi. Mizinga iliibomoa Kalenga tarehe 30 Oktoba 1894. Mkwawa akaponyoka, akaishi msituni karibu miaka minne, kichwa chake kikiwa kimewekewa zawadi ya rupia 5,000. Tarehe 19 Julai 1898, Mlambalasi, alipoona wamemfikia alijipiga risasi mwenyewe asikamatwe. Wakamkata kichwa. Mkataba wa Versailles wa 1919, ule wa kumaliza vita kuu ya dunia, ukaweka kifungu cha 246 kwamba Ujerumani ilirudishe fuvu lile. Halikurudi wakati ule. Lilirudi 19 Juni 1954, lilipoletwa Kalenga na Gavana Twining na kupokewa na mjukuu wake, Chifu Adam Sapi Mkwawa, ambaye baadaye alikuwa Spika wa Bunge letu. Hesabuni wenyewe: miaka 56 kasoro mwezi mmoja.

Hiyo ndiyo filamu ambayo vijana wameambiwa waifute. Mimi nasema hapana. Wadau mnasemaje?

Mdau, Mwanjelwa, Mbeya

Mkuu, nimeendesha kibanda cha video miaka tisa, niruhusu nikupinge kidogo.

Mteja wangu alikuwa anatoka sokoni amechoka, miguu ina matope, mfukoni ana hela ya kuhesabu. Akikaa kwenye benchi anataka kujua steringi ni nani ndani ya dakika kumi. Na ana imani moja haitikisiki: steringi hafi. Nimeona watu wakisimama na kudai hela yao kwa sababu steringi kauawa katikati ya mkanda. Huyo mtu si mjinga. Maisha yake yana vifo vya kutosha, anataka saa mbili za kuona mtu akitoka salama. Kwa hiyo mkufunzi hakuzungumza upuuzi.

Ila nadhani wewe na mkufunzi wote mmeikosea kalibu yenyewe. Chukueni zile filamu tatu za pete, The Lord of the Rings, za 2001, 2002 na 2003, zinazotajwa kila anapotajwa shujaa wa safari. Ya tatu ilipata tuzo 11 za Oscar. Je, Frodo, steringi aliyetumwa kwenda kuiteketeza pete, anashinda? Anafika mpaka kwenye mlima wa moto, na pale pale pa kuitupa pete anakataa, anaivaa. Pete inateketea kwa sababu Gollum, kiumbe anayeitamani pete ile, anamng'ata kidole na kuanguka nayo. Halafu Frodo anarudi kwao, jeraha halimponi, anapanda merikebu anaondoka moja kwa moja. Kibanda kizima kilinyamaza siku ile, na hakuna aliyedai hela. Kalibu ilikuwepo, mtunzi akaivunja ilipobidi ivunjike. Waambieni vijana waijue kwanza ndipo waivunje.

Mwalimu, Tukuyu

Kwani steringi lazima awe mtu mmoja? Mtoto aliyezaliwa mwaka ule wa Mlambalasi, siku fuvu linaingia Kalenga alikuwa mtu mzima wa miaka 56, pengine ana wajukuu. Amesikia jina hilo tangu ananyonya. Mfuateni huyo. Au mama yake. Filamu zote hizi za safari wanawake hubaki mlangoni wakipunga mkono, na hakuna anayeuliza walikula nini wanaume walipokuwa vitani.

Mdau, Kalenga

Naomba moja tu. Msitengeneze mwisho wa furaha usio na swali. Fuvu lile lilichaguliwa katika jumba la makumbusho la Bremen miongoni mwa mafuvu mengi, kwa kulinganisha vipimo. Wapo wanaouliza mpaka leo kama ndilo lenyewe. Wazee wengine hawapendi hata swali hilo litajwe. Filamu ikilikwepa, huku hatutaiamini.

Mwenye mada

Ahsanteni. Ndugu wa Mwanjelwa, hapo kwa Frodo umenishika, na ninakubali: nilikuwa nagombana na karatasi wakati ugomvi wangu ni amri ya kufuta. Lakini kuna kitu ulichokigusa bila kukimaliza. Kwenye kitabu cha Tolkien, ambacho filamu hizo za pete zilitokana nacho, Frodo na wenzake wanaporudi wanakuta nyumbani kumeshaingiliwa: miti imekatwa, wenyeji wanapewa amri na watu wa kuja. Inabidi wapigane tena kwenye vijiji vyao wenyewe. Watengenezaji wa filamu waliiondoa sehemu hiyo. Mimi naiona kuwa ndiyo sehemu ambayo mtu wa Iringa angeielewa bila kutafsiriwa. Mkwawa akiwa bado hai porini, Wajerumani walishajenga boma lao, na mji tunaoishi leo ukakua kulizunguka. Hata angeshuka kutoka msituni na dawa mkononi, angeipeleka wapi?

Juzuu ya kwanza ya kitabu hicho ilitoka Uingereza tarehe 29 Julai 1954. Hesabu kutoka siku fuvu lilipofika Kalenga: siku 40. Sisemi kwamba hili lina maana yoyote, ila nilipolihesabu nilikaa kimya, maana kwetu arobaini ndiyo siku ya kumaliza msiba.

Mwalimu, pendekezo lako nimelichukua lote. Filamu ya tatu tutamfuata mwanamke aliyezaliwa 1898. Ndugu wa Kalenga, swali la fuvu litaulizwa na yeye, kwa sauti, mbele ya watu, siku ile ile ya mapokezi.

Nisilokubali bado ni hili la steringi hafi. Mteja wako wa Mwanjelwa amezika watu wake, na hakuacha kuwafuata kwa sababu wamekufa. Anawataja, anawapa watoto majina yao. Kwa nini kwenye benchi la kibanda asiweze? Nijibu hilo, ndugu yangu, kabla ya Jumamosi, maana vijana watakuja na daftari zao. Kurasa walizokata walizipiga mstari mmoja tu, bado zinasomeka.