Naombeni ushauri: mwanafunzi kaniuliza kama Kaizari wa Ujerumani alikuwa na mke. Nianzie kwa nani?

MwlChaki:
Wakuu salaam.

Nafundisha Historia sekondari hapa Songea. Ijumaa jioni nasimamia klabu ya historia, watoto kama thelathini, kidato cha pili hadi cha nne. Wiki iliyopita tulikuwa kwenye mambo yetu ya siku zote: Mkutano wa Berlin, Carl Peters na mikataba yake, kodi ya kichwa, mashamba ya pamba, Majimaji. Binti mmoja wa kidato cha tatu, wa wale wasiosikika hata wakiitwa jina, akanyoosha mkono: "Mwalimu, huyo Kaizari alikuwa na mke?" Darasa likaangua kicheko. Nami nikacheka, nikasema ndiyo alikuwa naye, tukaendelea.

Usiku swali likaninyima usingizi. Miaka tisa nafundisha mada hii na sijawahi kumtaja mwanamke hata mmoja wa Ujerumani ile. Nikaanza kusoma, sasa nimezama. Kuna Augusta, kuna Vicky, kuna Auguste Viktoria. Nikateleza tena nyuma miaka elfu moja nikakutana na Mgiriki anaitwa Theophanu. Nimewaahidi watoto kipindi kimoja cha dakika 80. Projekta sina, umeme wa kubahatisha, nina ubao na chaki.

Nimchukue yupi? Moyo wangu uko kwa Vicky, ila naogopa nitakuwa nimesimulia hadithi tamu na swali la mtoto nimelikwepa.

Mzee wa Gahawa:
Hongera mwalimu kwa kulirudia swali la mtoto, wengi wetu tulizimwa na kicheko kama hicho. Lakini huyo Vicky ndiye nani? Tumwagie nyama, sote si walimu humu.

MwlChaki:
Mzee wangu, shikamoo. Vicky ni binti wa kwanza wa Malkia Victoria wa Uingereza, alizaliwa 1840. Januari 1858 akaolewa na Friedrich, mwana wa ukoo wa kifalme wa Prussia, ufalme wa Kijerumani, naye Vicky ana miaka 17 tu. Baba yake, Albert, alikuwa amemlea kwa siasa: Ujerumani iungane, itawaliwe kwa bunge kama Uingereza. Akaenda Berlin na ndoto hiyo kwenye sanduku la nguo.

Akasubiri miaka 30. Baba mkwe, Kaizari Wilhelm wa Kwanza, alifariki Machi 1888 akiikaribia miaka 91. Wakati huo Friedrich ana saratani ya koo, ametobolewa shingo apate kupumua, hasemi, anaandika kwenye vikaratasi. Akatawala siku 99 akafa. Siku hiyohiyo mtoto wao, Wilhelm wa Pili, akazungushia jumba askari wazuie karatasi za wazazi wake zisitoke. Mama mtu keshawahi, nyingi zilikuwa zimeshavushwa kwenda Uingereza. Wilhelm huyo ndiye Kaizari tunayemfundisha sisi. Mnaona kwa nini nimemwangukia?

BintiWaPangani:
Mwalimu, inaliza. Lakini ushawishi uko wapi hapo? Huyo ni mwanamke aliyezuiwa. Watoto watatoka wamemhurumia mfalme.

Mimi ni muuguzi, kura yangu ni kwa mama mkwe wake, Augusta, ambaye umempita kama kituo cha daladala kisicho na abiria. Alikulia Weimar, mji wa mshairi Goethe, mama yake binti wa mfalme wa Urusi. Aliolewa na Wilhelm mwaka 1829 na ndoa haikuwa na joto. Kansela Bismarck alimwona adui ndani ya nyumba, naye Augusta hakujificha kwamba haungi mkono vita. Sasa tazama alichofanya na nafasi ndogo aliyokuwa nayo: mwaka 1866, baada ya vita na Austria, akaanzisha chama cha wanawake cha kuhudumia majeruhi. Chama kile kikaenea nchi nzima kikafanya kazi bega kwa bega na Msalaba Mwekundu, na vita vya Ufaransa vilipokuja 1870 wauguzi walikuwepo. Henry Dunant, mmoja wa waanzilishi wa Msalaba Mwekundu, alisikilizwa naye mapema. Haya mambo ya akina mama kujipanga kwa matawi, wilaya hadi wilaya, bendeji na mashuka yakiwa tayari kabla majeruhi hajafika, ndiyo siasa aliyoruhusiwa.

Mzee wa Gahawa:
Mama mkwe na mkwe nyumba moja, mmoja kaoza kwa Goethe, mwingine kwa bunge la Kiingereza, na Bismarck anapita katikati yao akipiga mluzi. Walikuwa wakipatana?

MwlChaki:
Siasa ziliwaleta karibu, tabia zikawatenganisha. Kama kwetu tu.

MbongoKoln:
Habari za asubuhi kutoka Köln, baridi imeshika. Mnabishana kuhusu wake za Makaizari wa juzi wakati mwenye mamlaka halisi amelala hapa mtaa wa pili. Theophanu, kanisa la Mtakatifu Pantaleon, nimepita kaburini kwake mara nyingi maana tramu yangu hushushia karibu.

Aliletwa kutoka Konstantinopoli mwaka 972, binti mdogo, akaolewa Roma na Otto wa Pili, mwana wa Kaizari Otto wa Kwanza, mbele ya Papa. Hati ya mahari yake bado ipo, imeandikwa kwa dhahabu juu ya ngozi iliyotiwa zambarau, iko Wolfenbüttel. Wajerumani wengine walinung'unika: tulitegemea binti wa Kaizari wa Konstantinopoli mwenyewe, mmetuletea mpwa! Wakamshauri mzee Otto wa Kwanza amrudishe. Akakataa. Ilikuwa bahati yao.

Desemba 983 mumewe akafa Roma, mtoto wao ana miaka mitatu. Heinrich wa Bavaria, ndugu wa ukoo, akamchukua mtoto kwa kisingizio cha kumlea, kisha akaanza kujiita mfalme. Theophanu na mama mkwe wake, Adelheid, wakarudi kutoka Italia, wakawakusanya maaskofu na mabwana, na kiangazi cha 984 Heinrich akamrudisha mtoto mkononi mwa mama. Kuanzia hapo hadi alipofariki mwaka 991 mwanamke ndiye aliyetawala. Na hii ndiyo nzuri kuliko zote: mwaka 990, huko Ravenna, kuna hati aliyoitoa kwa jina "Theophanius imperator", yaani kajiandika kwa umbo la kiume. Hakusema mke wa Kaizari. Kasema Kaizari.

BintiWaPangani:
Na sisi Kiswahili chetu kinambeba bila shida! "Kaizari" hakina dume wala jike. Mwalimu, muite Kaizari Theophanu, uone watakaouliza "kwani ni mwanamume?"

Mzee wa Gahawa:
Hiyo nimeipenda. Wajerumani wana Kaiser na Kaiserin, sisi Kaizari kavu.

MpandaMlima:
Wakuu nipo Moshi, kazi yangu kuwapandisha wageni. Mwalimu, kama utamgusa Vicky, tafadhali uue ile hadithi ya kwamba Malkia Victoria alimpa mjukuu wake Kilimanjaro kama zawadi ya siku ya kuzaliwa. Naisikia kila wiki, hata kwa waongozaji wenzangu. Mpaka unapinda pale kwa sababu Waingereza na Wajerumani walikubaliana hivyo mwaka 1886, na wakati huo Wilhelm hakuwa Kaizari, babu yake ndiye aliyekuwa kitini. Jina la Wilhelm lilifika kileleni 1889, Hans Meyer alipopanda. Sasa ni Uhuru. Bibi hakumgawia mtu mlima.

Kibatari:
Nimewasoma kimya tangu asubuhi. Mwalimu, mmoja mmoja hapa kakupa mtu wake, mimi nikupe uzi wa kuwafunga pamoja.

Angalia mtoto yuko mikononi mwa nani. Kwa Theophanu ufalme ulikuwa ni kile kitoto cha miaka mitatu, anayekishika ndiye anayetawala. Ndiyo maana Heinrich alikiiba, na ndiyo maana mama alipokirudisha hakuna aliyeuliza maswali. Miaka 80 baadaye Agnes wa Poitou, naye mjane, anatawala kwa niaba ya mwanawe Heinrich wa Nne. Mwaka 1062, pale Kaiserswerth, Askofu Mkuu Anno wa Köln akamwalika kijana aje aone mashua iliyopambwa. Kijana kapanda tu, mashua ikasukumwa katikati ya Rhine. Akajirusha mtoni, wakamwopoa. Siku hiyo Agnes alimpoteza mtoto na utawala kwa pamoja.

Njoo sasa 1871, Ujerumani ilipoungana kuwa dola moja. Kuna katiba, kuna kansela, kuna jeshi lenye ofisi zake. Mama hata akimshika mtoto, serikali haimo mkononi. Vicky alimzaa Wilhelm kwa uzazi mgumu, mkono wa kushoto ukadhoofika, akamhangaikia kwa matabibu na mashine za kunyoosha, na mtoto akakua akiwa na kinyongo na mama na Uingereza yake. Ushawishi wa kupitia mwana ulikufa hapo. Ukabaki wa hospitali, shule, makanisa na meza ya chai. Binti yako akiuliza "alikuwa na mke?", muulize naye: mke huyo alishika nini?

MwlChaki:
Kibatari, umeniwashia kweli. "Alishika nini" naiandika ubaoni.

MsharikaUsharikani:
Mbona yule mwenyewe hamumtaji? Binti kauliza kuhusu Kaizari wa mada yenu, Wilhelm wa Pili. Mkewe ni Auguste Viktoria, nyumbani wakimwita Dona. Ndiye aliyekuwa Kaiserin kuanzia 1888 hadi 1918, yaani karibu kipindi chote cha Mjerumani huku kwetu. Watoto saba, wavulana sita na binti mmoja. Kazi yake ilikuwa makanisa, alichangisha mpaka watu wa Berlin wakambatiza jina la utani la Juste wa makanisa.

Nilikwenda hija Yerusalemu na usharika wetu. Juu ya Mlima wa Mizeituni kuna jengo kubwa lenye mnara unaoonekana kutoka kila upande, lina jina lake, lilitokana na safari yao ya 1898. Kanisani ukiinua macho darini unamkuta amechorwa na mumewe, wamekaa kama wenyeji wa mbinguni. Nilicheka kidogo, Mungu anisamehe. Siku hizi jengo ni hospitali, inatibu Wapalestina wagonjwa wa saratani, inaendeshwa na Fungamano la Makanisa ya Kilutheri Duniani, ambalo KKKT yetu ni mwanachama.

BintiWaPangani:
Na Berlin alisimamia kituo kikubwa cha kupambana na vifo vya watoto wachanga, kilifunguliwa 1909. Siwezi kumkataa kwa hilo. Lakini Vicky mkwewe alimwona hana upeo, na nadhani hakukosea sana.

Kibatari:
Mwalimu, Msharika kanikumbusha kitu. Umesema uko Songea. Dona aliolewa Berlin tarehe 27 Februari 1881. Tarehe 27 Februari 1906 wakasherehekea harusi ya fedha, miaka 25, na siku hiyohiyo mtoto wao wa pili, Eitel Friedrich, akafunga ndoa.

Sitaendelea. Wewe unajua 27 Februari 1906 hapo kwenu ilikuwa siku gani.

MwlChaki:
Ngoja kwanza.

Siku waliyonyongwa na Wajerumani kina Nkosi Mputa Gama, chifu wa Wangoni, kwa ajili ya Majimaji. Kila mwaka tunawapeleka watoto makumbusho tarehe hiyo. Kaburi la pamoja liko pale. Nimesimama pale miaka tisa.

Mzee wa Gahawa:
La ilaha illallah.

MbongoKoln:
Nimeacha kunywa kahawa.

Kibatari:
Tahadhari moja, mwalimu. Ni kalenda tu iliyogongana. Usiwape watoto wazo kwamba kamba zilifungwa kwa heshima ya harusi, wala kwamba mama yule alikaa Berlin akijua majina ya Wangoni. Ukisema hivyo utakuwa umetengeneza Kilimanjaro nyingine ya zawadi, na MpandaMlima atakufuata hadi Ruvuma. Siku moja, Berlin kuna keki na Songea kuna miti ya kunyongea. Inatosha ilivyo.

MpandaMlima:
Nitamfuata kweli.

BintiWaPangani:
Basi naondoa kura yangu kwa Augusta. Mchukue Dona, mwalimu, Vicky awe mlango wa kuingilia. Theophanu mtunzie Ijumaa yake, hastahili kubanwa kwenye dakika kumi. Na usiwafiche mwisho wa Dona: 1918 wakakimbilia Uholanzi, 1920 mwanawe Joachim akajiua, Aprili 1921 naye akafa Doorn. Jeneza likarudishwa Potsdam, umati ukajaa kumzika, mumewe hakuweza kuvuka mpaka kumsindikiza.

MwlChaki:
Wakuu nimerudi, ni Ijumaa usiku.

Nilifuata ushauri wa BintiWaPangani, ila mwanzo niliugeuza. Nimeingia sijasalimia, nikaandika ubaoni "27 Februari 1906", nikagawa ubao katikati kwa mstari. Upande mmoja "Songea", upande wa pili "Berlin". Upande wa Songea wamejaza wenyewe, hadi wadogo wa kidato cha pili. Upande wa Berlin nikawajazia mimi polepole. Hakucheka mtu. Kisha ndiyo tukarudi kwa Vicky, Bismarck, makanisa, "alishika nini". Kengele ikatukuta hatujamaliza.

Yule binti alibaki kufuta ubao. Akafuta upande wa Berlin, alipofika upande wetu akasimama na dasta mkononi: "Mwalimu, na Nkosi Mputa, yeye wake zake walikuwa kina nani?"

Nikamtajia Nkomanile wa Kitanda, mwanamke aliyewapokelea Wangoni maji, ile dawa ya vita vya Majimaji. Akasema huyo anamjua, bibi yake humsimulia, yeye kauliza wake wa Mputa.

Wakuu, kuna mwenye pa kuanzia?